Kwa Nini Papa Alimwambia?

Desemba ya mwaka juzi nilikuwa Tanga, kwa dada yangu. Umeme ulikatika baada ya isha, joto likatutoa ndani, tukatandika mkeka barazani. Watoto watano wakanizunguka, watatu wa nyumbani na wawili wa jirani, wakadai hadithi. Nikawapa ya kima na papa, kwa kuwa ndiyo ninayoikumbuka bila kukwama.

Msomaji bila shaka anaijua. Kima anakaa juu ya mkuyu mkubwa ufukweni, nusu ya matawi yake iko juu ya nchi kavu na nusu juu ya maji. Kila asubuhi anakula kuyu, na kila asubuhi papa anakuja chini ya mti kumwomba, naye anamrushia. Siku zinapita, urafiki unakolea. Papa anasema sasa twende kwetu nami nikulipe fadhila. Kima anasema sijui kuogelea. Papa anasema panda mgongoni. Wakiwa katikati ya bahari, nchi kavu haionekani tena, papa anatoa siri: sultani wetu anaumwa sana, na tumeambiwa dawa yake ni moyo wa kima. Kima anafikiri kidogo, anajibu kwa upole: rafiki yangu, ungeniambia tukiwa kwetu, maana sisi tukisafiri mioyo yetu tunaiacha mtini. Papa anageuza. Wanafika, kima anaruka juu ya mkuyu, na huko juu anakaa.

Nilipofika hapo, mpwa wangu wa darasa la tatu akanikata: "Mjomba, kwa nini papa alimwambia?"

Sikuwa na jibu. Hadithi hiyo nimeijua kwa zaidi ya miaka arobaini, na swali hilo halikuwahi kunipitia kichwani. Papa alikuwa na kila kitu: maji pande zote, kima mgongoni, sultani anasubiri. Angenyamaza tu, kazi ingekwisha. Watoto wakaanza kubishana wao kwa wao. Mmoja akasema papa ni mjinga. Mwingine akasema hapana, alishindwa kunyamaza kwa sababu wamekula pamoja siku nyingi. Mdogo kuliko wote, mtoto wa jirani ambaye bado hajaanza shule, akasema kwa sauti ya chini kwamba labda papa alitaka kima akatae.

Asubuhi mpwa wangu akaniletea daftari lake la Kiswahili. Alitaka kunionyesha kwamba hadithi ile wameisoma darasani. Kweli ilikuwepo, imefupishwa ikawa sentensi tisa, na chini yake maswali manne. La nne liliuliza hadithi hii inatufundisha nini. Yeye alikuwa ameandika kwamba papa alimpenda kima lakini alimwogopa sultani. Kalamu nyekundu ilipita juu ya jibu hilo, alama ya kosa, na pembeni yakaandikwa masahihisho: tusiwaamini marafiki wabaya.

Mwalimu wake simlaumu. Alifundishwa hivyo, nami nilifundishwa hivyo hivyo. Ninacholaumu ni fikra iliyoshika kalamu ile nyekundu, na fikra hiyo imeenea mno. Waulize wazazi, waulize wahariri wa vitabu vya watoto, fungua sura ya hurafa, yaani ngano za wanyama, katika kitabu chochote cha fasihi simulizi cha sekondari: kwa nini hadithi za wanyama na urafiki wao zimedumu kizazi hadi kizazi? Utajibiwa kwa sauti moja kwamba zimedumu kwa sababu ya mafunzo. Mnyama ni chambo, maadili ndiyo ndoana. Mtoto anafuata sungura na fisi, na kabla hajatanabahi ameshameza adabu.

Nasema fikra hiyo si kweli. Na nasema kwamba inawaumiza watoto, na inaziumiza hadithi.

Tuanze na safari ya hadithi yenyewe. Edward Steere, mmishonari Mwingereza ambaye baadaye alikuwa askofu, aliiandika Zanzibar kutoka vinywani mwa wasimulizi na kuichapisha London mwaka 1870 katika Swahili Tales, akaweka Kiswahili upande mmoja na Kiingereza upande wa pili. Lakini haikuzaliwa Zanzibar. Imo katika Panchatantra ya Kihindi, ambayo katika karne ya 6 ilitafsiriwa kwa Kipahlavi na tabibu Burzoe kwa ajili ya mfalme wa Uajemi, Khosrow Anushirwan. Karne ya 8 Ibn al-Muqaffa akaitoa huko akaiingiza katika Kiarabu kwa jina la Kalila na Dimna, na kutoka Kiarabu ikasambaa dunia nzima ya Waislamu, na mbali zaidi ya hapo. Tazama ilivyobadilika njiani. Bara Hindi, rafiki wa majini ni mamba, na mti ni mzambarau. Anayeutaka moyo ni mke wa mamba. Kwa Waarabu, rafiki ni kobe wa majini, mti ni mtini, na mke wa kobe anajifanya mgonjwa. Ilipofika kwetu mke akatoweka, akaja sultani wa papa, na mti ukawa mkuyu.

Na funzo? Panchatantra inasimuliwa kuwa ilitungwa ili kuwafunza werevu wana watatu wa mfalme waliokuwa wazito wa kuelewa. Kisa cha kima kimewekwa huko katika sehemu inayohusu mtu anayepoteza alichokwisha kukipata, na katika Kalila na Dimna kinafanya kazi iyo hiyo. Hilo ni funzo la mtawala: ukikamata kitu, usikiachie. Kwa maneno mengine, lawama ya kitabu ni kwamba papa amemkosa kima! Darasani kwa mpwa wangu funzo limegeuka kabisa, sasa ni onyo kwa kima asiwaamini marafiki. Kama mafunzo ndiyo yaliyoibeba hadithi hii kuvuka milima na bahari, mbona mafunzo ndiyo yaliyoanguka njiani? Wana wa mfalme wameanguka, mwalimu wao Vishnu Sharma ameanguka, hakuna bibi hata mmoja wa pwani anayemtaja. Vilivyofika salama ni mti unaoning'inia juu ya maji, matunda yanayorushwa, mgongo unaopandwa, na rafiki anayesita. Katika Kalila na Dimna kobe anasimama katikati ya maji kwa dhiki ya moyo, kima anaona, anamuuliza una nini. Huku kwetu papa anasema mwenyewe. Kusita huko ndiko kumevuka zaidi ya miaka 1,000, na ndiko alikokuona mtoto wa darasa la tatu, akakosolewa.

Wenye fikra ya mafunzo wana tatizo jingine, nalo ni Sungura. George Bateman alichapisha Zanzibar Tales huko Chicago mwaka 1901, na kimojawapo cha visa vyake ni cha Sungura na Simba. Sungura anamkaribisha rafiki yake Buku, yule panya mkubwa, waende mbuyuni kula asali. Asali ni ya Simba. Simba anatokea. Sungura anamwambia Buku amfunge ndani ya majani makavu, amtupe chini, amwambie Simba kwamba anatupa takataka. Buku anafanya kama alivyoambiwa. Sungura anakwenda zake, na Buku, alipoulizwa, anasema kweli yote na analiwa. Sungura haadhibiwi. Visa vinaendelea hadi Simba anachoka na kumwachia. Niambieni sasa, wenye kalamu nyekundu, tuandike nini kwenye mstari wa mwisho? Msaliti rafiki yako? Anayesema kweli ataliwa?

Wahariri wanajua shida hii, ndiyo maana katika vitabu vingi vya siku hizi kisa kinapindwa: Sungura anakamatwa, anaomba msamaha, wanyama wote wanacheza ngoma. Na liko kundi jingine, wazazi wacha Mungu na wenye nia njema, wanaosema Sungura aondolewe kabisa kwa kuwa anawafundisha watoto wizi na ulaghai. Makundi haya mawili yanajiona mahasimu, lakini yamesimama kwenye jiwe moja. Yote yanaamini kwamba hadithi ni kifurushi, na kazi ya mtoto ni kukifungua, kutoa kilichomo na kuitupa karatasi. Moja linapenda kilichomo, la pili linakichukia. Hakuna linalomuuliza mtoto kwa nini amelia kwa ajili ya Buku.

Nitaambiwa kwamba ninadharau malezi ya wazee wetu. Hilo ndilo jibu ninalolisikia kila mara, na nalichukulia kwa uzito, kwa sababu nimelelewa na wazee hao. Lakini wazee wa pwani hawakukosa vyombo vya kufundishia. Walikuwa na methali, kali na fupi, zilizokupata papo hapo ulipokosea. Walikuwa na jando na unyago. Walikuwa na chuo, ubao wa kuandikia na fimbo ya mwalimu. Walipotaka kumrudi mtoto walimrudi, hawakumsubiri hadi usiku waje kumzungushia kwa fisi. Usiku ulikuwa na kazi yake. Sikilizeni tulivyokuwa tukiianza hadithi: paukwa, pakawa. Sikilizeni jinsi watoto wanavyoitikia wakiahidiwa hadithi: wanaiita hadithi ije, wanauita uongo uje, wanautaka utamu ukolee. Mwitikio huo hauna neno funzo. Na mwishoni msimulizi wa zamani alisema kwamba ikiwa nzuri ni ya wote, na ikiwa mbaya ni yake peke yake. Maana yake ameikabidhi. Kuanzia hapo ni mali ya mtoto, alale nayo, aamke nayo, aulize anachotaka kuuliza. Mstari wa "hadithi hii inatufundisha" unamnyang'anya mali hiyo kabla hajaigusa.

Hadithi inayonionyesha jambo hili vizuri kuliko zote ni ya paa, nayo pia imo katika kitabu cha Steere, katika kisa cha Sultani Darai. Naomba nikae nayo kidogo.

Maskini mmoja anapekua jaani kama kuku, akitafuta punje za mtama. Siku moja anaokota thumni, sehemu ya nane ya riale, na badala ya kununua chakula ananunua paa. Watu wanamcheka: huna cha kula wewe, paa atakula nini? Paa anasema, kumbe anajua kusema. Anatoka kwenda kujilisha mwenyewe na jioni anarudi, anatoka na anarudi. Siku moja anaokota almasi, hampi bwana wake. Anaipeleka kwa sultani wa mji wa mbali, anasema imetoka kwa bwana wangu Sultani Darai, anaposa binti yako. Kisha anarudi kumchukua yule maskini, anampiga fimbo na kumlaza kwenye maji, ili aseme wameporwa njiani, apate kuvishwa nguo. Watoto hucheka sana hapo. Maskini na binti sultani wanaoana. Paa anakwenda kumtafutia bwana wake nyumba inayofaa sultani, anaua nyoka wa vichwa saba, anampa nyumba na mali yote iliyomo.

Halafu paa anaugua. Yuko ukumbini, analala chini, anamwomba bibi kizee wa nyumba hiyo apande ghorofani amwambie bwana kwamba mwili wote unamuuma. Bwana anajibu: mkorogee uji wa mtama mwekundu. Mke wake anashtuka: uji huo hata farasi hauli, na huyu ni paa wako. Bwana anasema nilimnunua kwa thumni. Bibi kizee anashuka analia. Paa anamtuma tena, bwana anajibu vilevile. Mke kwa siri anamtumia paa chakula chake mwenyewe, lakini paa moyo umeshavunjika. Anakufa, anatupwa kisimani. Usiku ule mke anaota yuko kwa baba yake, akiamka yuko kwa baba yake. Mume anaota anapekua jaani, akiamka yuko jaani.

Mhariri wa maadili ataandika haraka: tusisahau fadhila. Nani atapinga? Lakini hadithi hii nimeisimulia mara nyingi, na najua mahali ambapo watoto hunyamaza. Jaani, mwishoni kabisa, hawanyamazi. Hapo wanapumua, wengine wanapiga makofi, amekoma. Wananyamaza kwenye uji. Neno "mtama mwekundu" likitoka, hata anayesinzia anainua kichwa. Nimejiuliza sana ni kwa nini, na jibu ninaloweza kulitetea ni hili: mtu mzima akiisikia hadithi hii anajiweka mahali pa bwana, anaona aibu na kuahidi kuwa na shukrani. Mtoto anajiweka mahali pa paa. Yeye ndiye anayelala chini akiumwa, akisikiliza nyayo ghorofani, akingoja kujua wakubwa wameamua apewe nini. Kila mtoto aliyewahi kupata homa usiku anaujua ule ukumbi. Anachouliza moyoni ni kama yeye ni wa thumni. Ukimjibu "tusisahau fadhila" umemjibu mtu mwingine.

Hapo ndipo ninapoona siri ya kudumu kwa urafiki wa wanyama. Mtoto anaishi kati ya majitu. Wanaompenda wana nguvu za kumwinua hadi darini na za kumvunja mkono. Anawapanda mgongoni kila siku bila kujua kuogelea. Hadithi ya watoto wawili wa rika moja wanaogombania mpira haiwezi kumwonyesha hilo, kwa sababu wawili hao wako sawa. Kima na papa hawako sawa. Mmoja ana meno, mwingine ana mti. Mmoja akiingia kwa mwenzake anazama, mwingine akipanda kwa mwenzake anakufa. Tofauti imeandikwa mwilini, haihitaji kuelezwa. Na juu ya tofauti hiyo bado wanakula pamoja kila asubuhi. Mtoto anatazama jambo hilo kama tunavyotazama mtu anayepita kwenye kamba.

Wala si kwetu peke yetu. E. B. White alikuwa mwandishi wa Marekani aliyekuwa na shamba Maine. Mwaka 1948 aliandika insha juu ya nguruwe wake aliyeugua, akamhangaikia usiku na mchana, lakini nguruwe akafa. Mwaka 1952 akatoa Charlotte's Web, hadithi ya buibui anayemwokoa nguruwe asichinjwe kwa kumwandikia maneno ya sifa kwenye utando wake. Mwishoni buibui anakufa peke yake kwenye uwanja wa maonyesho, wenzake wote wamesharudi nyumbani. Nilipokifungua kitabu hicho mara ya kwanza nilidhani nguruwe angenizuia kukipenda. Baada ya kurasa chache nilikuwa ninamwombea maisha marefu. Kitabu kimepita miaka 70 na watoto bado wanakisoma, na White hakuwaandikia chini yake watoto wajifunze nini kutokana na kifo kile. Aliwaachia.

Sisi hatuwaachii. Tumefanya hadithi iwe mtego wa mtihani, tena mtego wenye jibu moja. Mtoto mwerevu anajifunza upesi kwamba hakuna haja ya kumsikiliza papa. Ruka hadi mwisho, tafuta neno "tusi-", nakili. Akifika darasa la sita ameshajua kwamba vitabu vya Kiswahili vinamnyooshea kidole, na katuni za kwenye simu hazimnyooshei. Kisha tunakutana kwenye makongamano kulalamika kwamba watoto hawapendi kusoma lugha yao.

Nimeambiwa pia kwamba bila funzo mtoto atabaki njia panda, hatajua alichopaswa kupata. Walionielewa vibaya wasidhani nataka darasa likae kimya. Watoto wale watano kwenye mkeka hawakukaa kimya. Walibishana juu ya woga na mapenzi, juu ya kumtii mkubwa na kumlinda rafiki, hadi umeme uliporudi na bado wakaendelea. Hakuna mtu aliyewaambia tusiwaamini marafiki wabaya, na hakuna hata mmoja aliyelala akidhani kwamba usaliti ni kitu chema. Yule mdogo alimtetea papa mpaka mwisho. Alikuwa na hoja: papa alirudi na kima hadi mtini, na njiani hakumtafuna.

Kwa hiyo nawaomba wachapishaji, toleo lijalo la vitabu vyenu vya ngano, futeni mstari ule wa mwisho. Karatasi itakayobaki tupu haitawagharimu kitu. Na wewe mwalimu, ukifika pale kima alipokaa juu ya mkuyu na papa anamwita kutoka majini, funga kitabu. Usiulize swali la nne. Ngoja mtoto wa kwanza anyooshe mkono aulize la kwake, na ukiona hulijui jibu, mwambie hulijui.